Eda ya Mke wa Mwimbaji

Haltom City, Texas

Mdogo wangu Mwanahamisi,

Salaam nyingi. Mimi mzima, magoti tu. Presha yako je? Nasikia umerudia samaki wa chumvi. Acha! Ukianguka mimi siwezi kuja. Na hati yangu usiicheke, nimeandika mwenyewe.

Nilikwambia jirani yangu ni Msyria, Mama Salma. Tunaongea kwa Kiarabu changu cha chuo cha Kurani na kwa mikono. Mumewe alikuwa mwimbaji wa harusi. Siku moja, badala ya kumsifu bwana harusi, akaimba kumuuliza mtawala: wale uliowachukua wako wapi? Ukumbi mzima ukaitikia. Ikawa kila harusi watu wanautaka wimbo huo, mpaka askari wakamchukua na yeye. Miaka imepita. Jela za kwao zilipofunguliwa, hakutoka.

Nikamwambia kavu: "Wewe mjane. Vua hizo bangili, ukae eda."

"Maiti umeiona wewe?" akanijibu. "Usinizikie mume wangu, bibi."

Wiki mbili hatukusalimiana. Sikujali, nilichosema ni cha dini.

Jumamosi tukaalikwa harusi ya Wasyria. Wapiga muziki walitoka Houston. Binti mmoja mpiga udi akauimba wimbo ule ule, kaupata kwenye simu. Watu wote wakasimama, makofi. Mama Salma alikuwa anakula wali. Ulipokwisha akasema, "Kakosea ubeti wa tatu. Angekuwa hai, angeshapiga simu kugomba." Akavua bangili moja moja, akanitilia mkobani. Hakulia. Na mimi sikulia. Tukamaliza wali.

Kesho yake kaja na shuka jeupe. "Haya bibi, nifundishe. Nianze kuhesabu siku gani?"

Miezi minne na siku kumi, hiyo naijua. Mume wangu alipokufa huko mlinipigia simu, nikakaa hapa hapa peke yangu nikitazama magari yaliyoegeshwa. Lakini siku nilikuwa nayo. Huyu hana. Mimi na mdomo wangu wote huu, nikatafuta kalamu nikuandikie.

Muulize shemeji, si ndiye mwalimu wa chuo? Mtu haijulikani kafa lini, mkewe ahesabu toka siku gani? Asiniletee hotuba. Aandike siku.

Msalimie huyo shemeji, na mkweo mvivu wa dukani, na wifi yetu mgonjwa.

Jibu upesi. Mwenzetu amekaa ndani, pazia kafunga, na siku ya kwanza bado hajaihesabu.

Ni mimi dada yako,
Mwanaidi