Barua ya Kumushitaki Baba Anselme

KUNDI LA MICHEZO YA TELEVISHENI "TUSEME KIDOGO", LUBUMBASHI
Kikao cha haraka cha komite

Tarehe: Jumatatu, 14 Aprili 1997, saa tatu asubuhi, siku ya tano tangu askari wapya waingie mujini.
Mahali: kwa Mama Julienne, Naviundu, sababu studio inalindwa na watu ambao hatujuani nao.
Waliokuwepo: Stanislas Kasonde (mwenyekiti na mwigizaji mukubwa), Julienne (manguo ya waigizaji), Kiki (mwigizaji), Anselme Mwape (mwandishi wa michezo), Wivine (katibu).
Hakuwepo: Chileshe, makamu. Inasemekana alienda Mokambo, mupakani, kununua sabuni. Alibeba na kitanda.

KUMB. NA. 1/97: KUFUNGUA
Mwenyekiti alifungua kikao akiwa ametoa beji ya chama cha utawala ulioanguka kwenye koti. Tundu lilibaki. Mama Julienne aliombwa asiliangalie sana.

KUMB. NA. 2/97: BARUA
Mwenyekiti alieleza kwamba mukubwa mupya wa studio anataka, kabla ya saa sita ya muchana, jina la aliyetunga sifa za utawala ulioanguka. Atakayetajwa atatoka kwenye nyumba aliyopewa na studio na kwenda kujieleza kambini. Barua ilikuwa tayari, na jina moja ndani: Anselme.

Alikumbusha kwamba Baba Anselme ameandika miaka makumi mbili na tano: vichekesho vya wakwe, masomo ya kuchemsha maji, matangazo ya sabuni, michezo ya Noeli, maombolezo ya wakubwa watatu (mumoja alikuwa angali muzima), na sifa za chama. "Huyu muzee aliandika kila kintu. Haiko siri."

Baba Anselme alikubali yote, ila maombolezo yalikuwa manne.

KUMB. NA. 3/97: DAFTARI
Baba Anselme aliomba daftari lake lisomwe. Katibu alisoma ukurasa wa sikukuu ya chama, 1988: "Chef wa chama anafika. Kasonde anamusifu. Mbuzi anapita." Basi.

Wajumbe walikumbushwa wanalolijua: katika kundi hili mwandishi anaandika nani anaingia na ugomvi ni gani. Maneno, kila mutu anayatoa mwenyewe mbele ya kamera.

Kiki aliuliza: "Ba-Kasonde, mulimusifu dakika ngapi?"

Mwenyekiti hakukumbuka. Mama Julienne alikumbuka: "Dakika makumi nne. Mbuzi ilichoka kungoya, ikakula rido, pazia la studio."

Mwenyekiti alisema alikuwa anacheza tu. Baba Anselme akajibu kwa upole: "Mi niliandika paka neno moja tu, 'anamusifu'. Kulia machozi, njo ulilia weye."

Mwenyekiti aliomba maji ya kunywa. Alipewa.

KUMB. NA. 4/97: UAMUZI
Barua ilipasuliwa. Iliamuliwa kuandika ingine, yenye majina ya wote, Chileshe pamoja, maana hakupinga. Baba Anselme aliiandika, hakuna mwingine anayeweza. Alijiweka wa kwanza: "Mwenye kukaa nyumba ya studio ni mimi, acha banianzie mimi."

Mwenyekiti alisoma, akaona jina lake ni la nne. Alikataa kusaini. Alisema tangu 1972, kwenye majina yanayopita muchezo ukiisha, hajakuwa hata wa pili, na hataanza leo mbele ya wageni.

Kiki alimukumbusha hii ni orodha ya nini. Mwenyekiti alisema anajua kusoma.

Barua iliandikwa upya: Kasonde juu, peke yake, kwa herufi kubwa. Mwandishi chini kabisa, kama desturi.

Komite ilitoka saa tano kasoro robo kwenda studio, kwa miguu, mwenyekiti mbele na barua mukononi.

Mwenyekiti: S. KASONDE (alisaini mara mbili)
Katibu: Wivine