Waliolima kwa Bibi Siwema

Milimani, Kilosa
9 Juni 1974

Mwanangu Ida,

Sisi huku hatujambo, ila kikohozi cha mama yako kimerudi. Wewe na masomo yako ya ualimu mnaendeleaje?

Kijiji kipya kimeanza. Kamati inataka kila mtu aeleze shamba lake lilivyopatikana, ndipo waamue nani aachiwe lake na lipi liwe la kijiji. Wewe ndiye uliyesoma, na bibi yako Siwema alikusimulia mengi kabla hajafa. Niandikie historia ya shamba letu. Ila pombe aliyokuwa akipika usiitaje. Mimi ni mzee wa kanisa, na katibu wa kamati ni Donati, mwinjilisti wetu.

Baba yako

*

Morogoro
21 Juni 1974

Baba mpendwa,

Shikamoo. Mimi mzima, nimepungua kidogo tu. Mama achemshe majani ya mpera, anywe yakiwa moto.

Historia imenichukua siku tatu. Nimeandika jinsi babu alivyofyeka msitu mwaka wa ile njaa, na alivyochimba mfereji kwa jembe moja. Nimeandika jinsi bibi alivyotundika mbegu za mahindi juu ya moshi wa jiko, mbegu zilezile tunazopanda hadi leo.

Nilipofika kwa wale watu ishirini waliokuja kulima kila mwaka, kalamu ilisita. Walifuata pombe ya bibi, na wiki iliyofuata babu alikwenda kulima kwao. Lakini pombe umenikataza. Basi nimeandika kwamba babu alikuwa na vibarua ishirini. Inasomeka vizuri, na shamba linapata heshima.

Mwanao, Ida

*

Morogoro
30 Agosti 1974

Baba,

Shikamoo. Tangu Juni sijapata neno lako. Naomba Mungu muwe wazima.

Leo katika somo la siasa mwalimu ameandika ubaoni: mnyonyaji ni mtu anayelimiwa na vibarua. Nilikwisha kuinakili sentensi yote ndipo nikaona inamsema nani. Ni babu huyo. Ni babu kama nilivyomwandika mimi. Mtu aliyeoa kwa mahari ya majembe mawili nimemfanya bwanyenye!

Kama karatasi zile bado unazo, zichome jikoni. Kama zimeshafika kwa kamati, sema aliyekosea ni mimi. Nijibu, baba, hata mstari mmoja.

Mwanao, Ida

*

Milimani, Kilosa
15 Septemba 1974

Ida wangu,

Marahaba. Mama yako amepona. Ni majani ya mpera, au amechoka mwenyewe kukohoa. Nilikawia kuandika kwa sababu nilitaka kwanza niujue mwisho.

Historia yako ilisomwa mkutanoni. Watu walitulia tuli, mpaka pale kwenye vibarua. Mjumbe mmoja akaruka: "Kumbe kabaila tunaye hapahapa!" Nami niliisoma mara mbili nyumbani, mwanangu, nikaona fahari tu. Kosa ni letu sote wawili.

Nikasimama. Nikasema, "Hawakuwa vibarua. Walifuata pombe ya mama yangu."

Mwanakheri, yule bibi wa bondeni, akanigeukia na kupaza sauti: "Mimi nilikuwepo! Na ilikuwa tamu, Melkizedek, hata wewe ulikuwa unakomba kibuyu!"

Watu walicheka mpaka wakashika mbavu. Donati peke yake hakucheka. Mwanakheri akawataja mmoja mmoja wale ambao babu yako aliwalimia, na mwaka, na kwamba kwake yeye alilima akiwa na homa. Kamati ikanong'onezana. Sehemu ya chini, upande wa mto, imekuwa ya kijiji. Mgongo wa kilima na mfereji tumeachiwa.

Jumapili iliyopita nilivuliwa uzee wa kanisa. Usilie. Sasa nakaa benchi la nyuma kabisa, jirani na dirisha. Miaka kumi na minane nilikaa mbele, sikujua kwamba kutoka pale nyuma shamba letu linaonekana lote.

Baba yako