Wosia wa dada Zuhura

Jumanne, baada ya alasiri.

Kwenye mikutano ya nyumba kumi hakuna katibu anayenishinda kasi. Naandika herufi za mwanzo tu, mengine nayajazia wakati wa kusoma, na watu hunipigia makofi.

Juzi hospitali dada Zuhura alipokuwa ananiusia, niliandika vivyo hivyo. Nikamwambia, "Wewe sema tu, dada, hata mwenyekiti ananihusudu."

Leo tumemzika. Bintiye Saida kanishika mkono. "Mjomba, ulisema umeandika yote. Nisomee mama aliniusia nini."

Nimezitazama zile herufi, haziniambii kitu. Kujazia naweza, tena vizuri, mpaka mtoto alie. Lakini haya ni maneno ya dada.

Nimemwambia miwani yangu imevunjika. Imo mfukoni, nzima.