Nora Kwenye Picha ya Gwaride

MAELEZO YA SHAHIDI
Kituo cha Polisi Thornsea, pwani ya Lancashire
Jumanne, tarehe 17 Juni 1902, saa tatu asubuhi

Jina: Tabitha Ormerod. Umri: miaka 52. Kazi: mwenye nyumba ya wageni. Makazi: Mtaa wa Queen, kaskazini mwa mji. Mjane.

Nimekuja kusahihisha maelezo niliyoyatoa Jumamosi.

Mnamo tarehe 14 Juni, siku ya gwaride la Meya, mgeni wangu Bi Clegg aliuacha mkufu wake wa dhahabu mezani saa tano kamili asubuhi. Saa tano na dakika ishirini haukuwepo. Mtumishi wangu, Nora Gilhooly, alidai alikuwa chini jikoni akimenya viazi. Nilikuwa nimeshuka, sikumkuta. Nikaita polisi, Nora akakamatwa.

Jana saa tisa alasiri nilikwenda kwenye ukumbi wa gatini kutazama picha zinazotembea za gwaride hilo. Watu walikuwa wakijitafuta. Bwana Threlfall, muuza samaki, alipojiona, mkewe akamwambia, "Amosi, tumbo lako limepita kabla yako." Ukumbi mzima ukacheka.

Kisha likapita gari la Meya chini ya saa ya mji. Saa ilionyesha tano na dakika kumi. Mbele ya umati alisimama Nora, na aproni yangu kiunoni, amembeba mtoto wa kike wa miaka kama miwili. Mtoto akampiga puani kwa kibendera, naye akacheka. Sijawahi kumwona akicheka. Mtoto alipogeuka, sura ilikuwa ya Nora kabisa.

Nikalipa tena, nikatazama mara ya pili. Toka kwenye saa ya mji hadi kwangu ni nusu saa kwa miguu.

Saa kumi na moja jioni nilikuja hapa kituoni, nikaruhusiwa kumwona. Nilimwambia nimemwona kwenye picha. Akauliza, "Na yule mwingine umemwona?"

"Nimemwona."

"Basi niache humu humu, Bibi. Wizi una kifungo, kifungo kinaisha. Nikijulikana nina mtoto, nani ataniajiri?"

Kanuni ya kutoajiri mwenye mtoto nimeiandika mimi, imebandikwa jikoni kwangu.

Usiku kucha sikulala. Mkufu sijui uko wapi. Ninachojua ni kwamba Nora hakuuchukua, na mimi ndiye niliyemtia humu. Kanuni nimeibandua leo alfajiri. Nataka arudi kazini, na mtoto aje naye.

Niliyoyaona na kuyatenda ni hayo. Nimesomewa, ni sahihi.

(Sahihi) T. Ormerod

Maelezo ya afisa: Nimeiona picha hiyo mwenyewe; saa inasomeka. Mtuhumiwa ameachiliwa saa sita mchana. Shahidi alimsubiri mlangoni, akamweleza habari ya kazi. Mtuhumiwa alivua aproni aliyokuwa amevaa, akamkabidhi shahidi, akaenda zake.

Sajini W. Huddart