Tulipoanua Tanga Ofisini

Dada Limi,

Shikamoo. Nimeandika salamu hiyo kisha nikakaa nikisubiri marahaba yako, ile ya kuvuta, uliyokuwa ukiitoa huku macho yako kwenye kompyuta. Haya, nimekubali kwamba haiji. Nitaendelea hivyohivyo.

Mtoto amekua. Ulipofariki alikuwa bado mchanga, nikamleta msibani Kisesa mgongoni, na dada zako wakawa wananipokonya ili nipate nafasi ya kulia vizuri. Sasa anakaa mwenyewe na anacheka na kila mtu, kama wewe. Usinune. Ulikuwa unacheka na kila mtu, Dada, hata na mkurugenzi.

Likizo yangu ya uzazi iliisha na nimerudi kazini Nyakato. Kiti chako kiko palepale. Khanga yako ilikuwa bado imening'inia kwenye kiti, ile uliyokuwa ukijitanda kiyoyozi kikizidi, na hakuna aliyethubutu kuigusa. Nilipofungua kompyuta siku ya kwanza nikakuta na humo pia umo. Kwenye mfumo mpya, upande wa chanjo za mifugo, imeandikwa vilevile: Mwidhinishaji wa mwisho, Limi. Na picha yako pembeni, ya kitenge cha njano, ambayo ulilalamika kwamba imekunenepesha. Niliitazama mpaka chai ikapoa. Kesho yake nikaitazama tena. Nikawa naianza siku na wewe, na nilipenda, sitakuficha.

Sasa nikuambie yaliyotukuta, na usicheke mpaka nimalize.

Unakumbuka tulivyoanza. Mkurugenzi alirudi kutoka Dar na neno moja tu mdomoni, wingu. Ile mashine kubwa ya chumba cha nyuma imezeeka, akasema, taarifa zote za kampuni zihamishwe, zitunzwe na watu wa mbali, sisi tuzifikie kwa mtandao. Alidhani ni kazi ya mafundi, iishe wiki ijayo. Wewe ukamjibu mbele ya watu wote, taratibu, "Bosi, kompyuta haziogopi kuhama. Watu ndio wanaogopa." Mimi mtu wa kompyuta nikakasirika kidogo, nikiona unatuchelewesha.

Ukaunda kamati ya mabadiliko. Ukamweka mhasibu, dereva mmoja, Mama wa duka letu la Kisesa, mimi, na Masanja wa ghala la dawa za mifugo. Swali lako la kwanza kikaoni halikuwa la kompyuta kabisa. Uliuliza, "Nani hapa anaogopa kupoteza kazi?" Wote wakaangalia soda zao. Kisha Masanja akasema, "Mimi hapa. Mashine ikishajua kilichomo ghalani, Masanja wa nini tena?" Hukumcheka wala hukumpa maneno matamu. Ulimwandika yeye kuwa ndiye atakayetamka kwamba ghala liko tayari, na asipotamka, hakuna kuhama. Kuanzia hapo Masanja alikuwa anakuja kikaoni amechomekea shati.

Na sheria zako! Nani anaamua, nani anatenda, nani lazima aambiwe kabla, nani ana haki ya kusema simama. Kila jukumu liwe na mtu na naibu wake. Ulitufuata mpaka chooni, "Wewe, ukiumwa malaria nani atashika?" Na ile uliyoipenda kuliko zote: jina la mwenye mamlaka kwenye mfumo halibadilishwi na mtu mmoja, hata awe mkurugenzi, mpaka kamati ikae. Ulikuwa umefanya kazi mahali ambapo mwenye nywila alikuwa mfalme, ukaapa kwetu haitakuwa hivyo.

Ila aliyekuwa akiita vikao ni wewe. Ulipoondoka, hakuna aliyeita. Si kwa uzembe, Dada. Kila mtu aliona kuita kikao cha kujadili jina lako ni kama kukusukuma nje. Mtu wa kompyuta aliyenishikia nafasi anasema alianza kuandika ujumbe wa kuwaita, akaufuta. Mkurugenzi mwenyewe alikuwa akipita mlangoni kwako bila kugeuza shingo.

Basi wafugaji wa mbele ya Kisesa wakaagiza chanjo kwa ng'ombe wao, chambavu isije ikawaua ghafla. Lilikuwa agizo la kwanza la chanjo tangu ufe. Walitoa ng'ombe asubuhi, wakawakusanya kwenye josho. Masanja alikwishapanga chupa kwenye maboksi ya barafu, dereva amewasha gari, na karatasi ya kutolea mzigo haitoki. Kwenye kioo imeandikwa: Inasubiri idhini ya Limi. Masanja akanipigia, sauti imebadilika. "Vero, njoo uone. Tunamsubiri marehemu."

Ningeweza kubadilisha jina kwa dakika moja, unajua. Lakini sheria ni yako. Nikaanza kuwapigia wajumbe. Mhasibu alikuwa hospitali na mwanawe, simu ya Mama wa duka iliita tu, mkurugenzi alikuwa kwenye kivuko cha Ukerewe na mtandao haukamati. Jua likapanda, likaanza kushuka. Wafugaji wakarudisha ng'ombe nyumbani. Mwenyekiti wao akanipigia, na afadhali angefoka. Alisema kwa upole tu, "Binti, mifugo imeshinda na kiu. Mama Limi angetupigia mapema."

Niliingia chooni nikalia. Kisha nikanawa uso na kutoka, maana hata hapo nilisikia sauti yako ikiniuliza nitamaliza lini.

Mkurugenzi aliporudi alikuwa amevimba. "Kamati ifutwe," akasema. "Hayo mambo ya vikao yamekufa na mwenyewe. Mamlaka yote niwekeeni mimi, na chumba cha nyuma kifungwe mwisho wa mwezi, mtu awe tayari asiwe tayari." Nikamwangalia Masanja. Alikuwa amechomoa shati lake nje. Dada Limi, sijui nikuelezeje. Niliona unazikwa mara ya pili, na safari hii sisi wenyewe tumeshika majembe.

Ndipo nikakumbuka siku ya kuanua tanga kwenu. Nilikuwa nimekaa na wanawake upande wa jiko. Baba yako mdogo alisimama, akataja mmoja mmoja: huyu atawalea watoto, huyu atasimamia shamba, huyu atakuwa anamwangalia mama. Wakakubali mbele ya watu. Kisha mikeka ikakunjwa. Siku ile niliumia sana, niliona wanakuharakisha, udongo hata haujakauka. Sikuelewa kwamba wanakupumzisha.

Nikamwomba mkurugenzi kikao kimoja, kimoja tu, kabla hajafuta. Nilisimama. Nikawaambia, "Kwao Limi tanga limeanuliwa. Hapa kazini bado tumelala kwenye mikeka. Kamati haijakosea, ila msiba haujamalizika." Nilitegemea anikate. Akavua miwani, akaifuta kwa tai. Hata yeye ana kwao, na kwao wanaanua. Akasema, "Haya, Vero. Tuanue."

Tukapita jukumu moja moja, kama baba yako mdogo. Mama wa duka akakabidhiwa kuita vikao, akasema ataita hata kwa ngoma. Tukafika kwenye nafasi yako ya chanjo, na hapo pakawa na jambo la kukuaibisha. Wewe uliyetufuata mpaka chooni kutaka manaibu, wa kwako palikuwa patupu! Dereva akaguna. Mkurugenzi akauliza nani aliacha pengo hili. Mimi nikaanza kupekua daftari la vikao nikutetee.

Masanja akanyoosha mkono. "Hapo pana mtu," akasema. "Mimi nilimuuliza Limi, mbona kwako hujaandika? Akaniambia hapo pana mtu, yuko likizo ya uzazi. Akasema, tusimsumbue, anyonyeshe kwanza."

Dada. Nililia mbele ya madereva. Nililia mpaka maziwa yakatoka yakalowesha blauzi, na Mama wa duka akanifunika na khanga yako. Ndiyo, ile ya kwenye kiti. Yeye ndiye wa kwanza kuigusa, na ilikuwa bado inanukia mafuta yako ya nazi.

Kamati ikaridhia. Wakasimama nyuma yangu wote, mkurugenzi naye, nikafungua ule ukurasa. Mfumo ukaniuliza kama nina uhakika nataka kuliondoa jina hili. Sina. Sijawahi kuwa na uhakika mdogo kuliko huo. Nikaiangalia picha ya kitenge cha njano, nikakuambia kimoyomoyo kwamba hujanenepa, umependeza. Kisha nikabonyeza. Ukaondoka, nikatokea mimi, na ile picha yangu ya kitambulisho nimekodoa macho kama nimefumaniwa. Watu wakacheka. Wewe ungecheka kuliko wote.

Naibu wangu ni Masanja, nimemwandika palepale kabla hatujainuka. Chanjo ilitoka. Safari hii nilimpigia mwenyekiti wa wafugaji mapema, nikamwomba radhi, na siku ya kuchanja nilikwenda mwenyewe mpaka joshoni. Si wote waliorudi, wengine wamekata tamaa na sisi na sitawalaumu. Waliorudi walichanjwa mpaka ndama wa mwisho. Mwenyekiti aliniangalia khanga yako mabegani, akauliza, "Wewe ndiye mdogo wake?" Nikasema ndiyo. Sikuona sababu ya kueleza.

Chumba cha nyuma bado hakijafungwa. Zimebaki taarifa za mishahara, na mhasibu anaogopa. Mkurugenzi ameanza kutazama saa. Nakuahidi, hatahamishwa mtu hapa kabla hajaulizwa anaogopa nini, na akijibu nitamsikiliza kama ulivyomsikiliza Masanja. Na popote nitakapokaa, sitakaa bila wa pili. Nimejifunza kwa pengo lako, na kwa jinsi ulivyonitunzia.

Khanga nimeifua, ingawa roho iliniuma kuitoa ile harufu. Jumapili nampelekea mama yako Kisesa, na mtoto atakuja amsalimie. Nikitoka hapo nitapita kaburini, nisimame kidogo.

Lala sasa, Dada Limi. Jioni hii kabla ya kuzima kompyuta nimepitia maagizo yote, moja baada ya jingine. Hakuna kinachokusubiri tena.

Mdogo wako,
Vero