Mpira Uliopanda Gari la Moshi

Bweni la Wasichana,
Tororo.
Jumapili, 8 Juni 2025

Babu yangu mpendwa,

Nakuamkia kwa heshima nikiwa Tororo. Natumaini barua hii itakukuta umekaa mlangoni ukiota jua, na kwamba goti halikusumbui kama wakati wa mvua. Nyanya Benedeta naye hajambo? Mwambie karanga alizonifungia nilizila polepole zikafika wiki ya tatu, na wasichana wenzangu wanamwombea maisha marefu kwa sababu hiyo. Mimi ni mzima. Masomo yanakwenda vizuri, isipokuwa hesabu ambayo bado inanikimbia, nami naifukuza.

Habari ya kwanza najua itakufurahisha. Timu yetu ya mpira imefika fainali, na golikipa ni mimi. Madam Annet, mwalimu wetu wa michezo, alinichagua kwa sababu siogopi kuanguka. Tutacheza Jumamosi hii saa tisa alasiri, hapa hapa kwetu. Natamani sana uje. Lakini kabla hujakubali, kuna mtu atakayekuwepo, na ni kwa ajili yake nimeketi kuandika. Mtu huyo ni Mzee Matayo.

Tafadhali Babu, usikunje karatasi. Najua jina hilo halitajwi nyumbani. Nakumbuka alipokuja huko nyumbani Masaba kwenye mazishi ya ndugu yako, ukasema kichwa kinakuuma, ukaingia ndani na hukutoka mpaka alipoondoka. Nakuomba usome hadi mwisho, halafu uamue mwenyewe.

Sikumtafuta. Nyumba yake iko nyuma ya goli letu, na kila jioni ya mazoezi huleta kigoda chake akaketi karibu na mlingoti. Macho yake yameingia ukungu. Mpira anausikia zaidi kuliko kuuona. Siku moja aliniambia kwamba nachelewa kutoka golini, na kwamba alimjua golikipa mmoja wa Masaba aliyekuwa na ugonjwa huo huo. Nikamwambia mimi pia ni wa Masaba. Akauliza ni mtoto wa nani. Nilipomwambia kwamba babu yangu ni Mwalimu Laban, aliuliza kama bado unaegemea kushoto ukisimama. Nilicheka, kwa maana ni kweli.

Tangu hapo amenisimulia msimu wenu mzima wa mwaka 1957, mlipochezea timu ya chuo cha ualimu. Ameniambia mlivyocheza bila viatu, vifundo vya miguu mmevifunga vitambaa. Mpira wa ngozi ulikuwa mmoja tu, na kila wiki mchezaji mmoja alipewa zamu ya kuupaka mafuta ya ng'ombe usinywe maji. Siku ya kwenda Kirewa mlipanda lori lililotoka kushusha saruji, mkafika weupe kuanzia nywele hadi kucha. Wenyeji wakauliza ni nani aliyefukua makaburi. Nahodha wenu Ojulong akawajibu kwamba uzuri wa wafu ni kuwa hawachoki, na mkawafunga matatu bila. Mzee Matayo anasema siku hiyo uliokoa penalti huku ukipiga chafya. Babu, mbona hilo hukuwahi kutuambia?

Wewe ulitusimulia fainali tu, na kila mara iliishia pale pale. Uwanja ulikuwa kando ya reli. Mlikuwa bao moja kwa moja, zimebaki dakika kumi, na mabwana waliokuja kuchagua wachezaji wa kwenda Kampala wameketi kivulini wanaandika. Ukamrushia mpira Matayo, beki wako na rafiki yako wa chumba kimoja. Hakukuwa na adui karibu naye. Akaupiga juu, ukavuka ua, ukatua ndani ya behewa la wazi la gari la moshi la mizigo, na gari likaenda nao upande wa Kenya. Hakukuwa na mpira mwingine. Refa alingoja mpaka jua likashuka, akavunja mchezo. Kombe likabaki kwa wapinzani waliokuwa nalo tangu mwaka uliotangulia, na wewe hukuchaguliwa. Ulikuwa ukimaliza kwa kusema kwamba mzembe mmoja alikunyang'anya Kampala.

Yeye naye hakuachwa. Sokoni walimwuliza kama amekata tiketi, wengine kama mpira umeshaandika barua kutoka Nairobi. Mpaka leo wazee wa hapa humwita Stesheni, naye huitika.

Sasa nifike kwenye jambo lenyewe. Jumanne iliyopita nilidaka mpira vibaya, kidole changu kikavimba. Nikakificha ndani ya mkono wa jezi, kwa kuogopa Madam Annet ataniondoa kwenye timu. Mzee Matayo hakukiona, lakini alisikia mpira ukigonga kiganja kimoja badala ya viwili. Akaniita, akakipapasa kile kidole. Akaniagiza niende kwa mwalimu, la sivyo atakwenda yeye. Nilimsihi asiseme. Akaniambia kwamba Laban naye alimsihi hivyo hivyo.

Babu, wewe unajua zaidi yangu, kwa maana kidole kilikuwa chako. Sisi ulituambia ni baiskeli. Kumbe kilivunjika katika fainali hiyo, ulipojitupa miguuni pa mshambuliaji. Siku zile mchezaji hakubadilishwa. Ukitoka, timu inabaki kumi na golini anasimama asiyejua. Matayo peke yake ndiye aliyekiona, kimesimama upande. Ukamwambia akimtajia mtu, wewe na yeye hamjuani tena. Akakubali. Lakini baada ya hapo mpira ulikuja mara mbili, ukaudaka kwa mkono ule ule, na mara ya pili alikusikia ukilia kwa sauti ya chini.

Baba yake alikuwa mfanyakazi wa reli, akigeuza njia za magari ya moshi stesheni. Matayo alikua akiyahesabu. Alijua gari la mizigo la Jumamosi, saa yake, na mahali linapopunguza mwendo. Ulipomrushia mpira, alisubiri mpaka behewa la wazi likafika.

“Mdomo wangu ulimwahidi Laban kunyamaza,” aliniambia. “Mguu wangu haukuahidi kitu.”

Nikamwuliza kwa nini hakukwambia kwa miaka sitini na minane. Akasema mwanzoni uliapa kutomsikiliza, na baadaye aliona ni afadhali umkasirikie yeye kuliko ujilaumu mwenyewe. Nyanya aliwahi kutuambia kwamba tabibu wa misheni alisema kidole hicho kingegongwa tena, mkono usingekuwa na kazi. Hilo Matayo hakulijua mpaka nilipomwambia. Aliinamisha kichwa, akasema basi sawa, na akarudi kuusikiliza mpira.

Niliungama kwa Madam Annet jioni ile ile. Muuguzi amekifunga kidole na atakitazama Ijumaa. Akinikataza kucheza, mwenzangu Maurine atasimama golini, nami nitakaa kando ya Mzee Matayo kumweleza yanayotokea.

Babu, lipo kosa langu jingine. Mzee aliniomba nisikwambie haya, nikaahidi. Sijui kama utasema nimefanya vibaya. Ila mdomo wangu ndio ulioahidi. Mkono huu haukuahidi kitu, na ni wewe uliyeufundisha kuandika, ukiushika kwa mkono wako wenye kidole kilichopinda.

Mukhwana anayekuletea barua hii huleta kabeji Tororo kwa gari lake kila Jumatatu na Jumamosi, na amekubali kiti cha mbele kiwe chako Jumamosi hii. Mzee anasema bado anamwona mtu akisimama karibu, lakini mwaka kesho hajui. Nimemwomba Madam Annet viti viwili nyuma ya goli. Sijamwambia cha pili ni cha nani.

Nisalimie Nyanya, na wote wa nyumbani, na yule ndama mwenye baka usoni. Mungu akulinde njiani, ukija.

Mjukuu wako akupendaye,
Proscovia