Jalada Jipya, Dawa ya Kale

Nyumbani kwa Obbo,
Rubongi,
Tororo, Uganda.

7 Julai 2024

Mpendwa mdogo wangu Egesa,

Pokea salamu zetu sote, za mvua na za jua. U hali gani huko Leeds? Mgongo wako umepoa, au bado unaunyoosha ukutani kila asubuhi kabla ya kwenda ghalani kubeba maboksi ya vitabu? Wifi yangu Babra hajambo? Watoto nao wanaendeleaje na masomo? Sisi tunapumua, Mungu ashukuriwe. Mahindi yamekomaa, na Ritah binti yangu yuko shuleni, mrefu kuliko mimi na maneno yake yamenizidi urefu vilevile.

Kwenye simu nilikuambia Mama aliugua na sasa ana nafuu. Ni kweli, lakini nilikukatia maneno. Kila nikitaka kukueleza vizuri naishia kwenye habari za mahindi, kisha salio linakwisha, nawe unabaki unasema halo, halo. Ndiyo maana nimechukua karatasi. Tena naandika Kiswahili ili Babra naye asome mwenyewe, asikungoje umtafsirie Lusamia yetu ukaruka pale panapouma.

Kwanza, asante kwa lile sanduku ulilotutumia kabla ya Pasaka. Viatu vilimtosha Ritah. Koti nimelitunza. Na vile vitabu vya madaktari ulivyomwekea shemeji yako vilimfurahisha kuliko Pasaka yenyewe.

Unamfahamu Baba Ritah. Tangu astaafu uuguzi jeshini na kufungua kile kiduka chake cha dawa hapa karibu na kambi, kiu yake ni kusoma. Alivifungua kabla sijaondoa sahani mezani. Jalada la buluu linang'aa, karatasi nyeupe, harufu ya wino mpya. Nyuma ya jalada kumeandikwa mwaka wa kuchapwa, ni juzi tu. Akaniita, "Mama Ritah, kuja uone. Hii vitabu ni mpya kabisa. Wazungu iko mbali, sisi huku bado napima homa na mkono." Nilicheka. Nilifurahi kumwona amefurahi.

Mle ndani, Egesa, mna habari za vidonda. Unakumbuka kile kidonda cha Mama, pale kwenye muundi, alipochomwa na kisiki akipalilia muhogo mwaka jana. Kilikuwa kimekataa kupona. Hospitali walimsafisha, wakampa dawa, wakamwambia arudi, naye akawa anarudi, akichoka anaacha. Sasa Baba Ritah akakuta kwenye kitabu chako daktari mmoja anasifu mafuta ya zebaki kwa vidonda sugu, anaeleza wagonjwa wake walivyopona mmoja baada ya mwingine. Dukani zebaki haipatikani. Lakini sisi tunakaa jirani na dhahabu. Kule Tiira wachimbaji wanaitumia kukamatia chembe za dhahabu kwenye mchanga, na yeye anafahamiana nao maana hununua kwake vidonge vya maumivu. Akaipata, akaichanganya na mafuta, akatia kwenye mikebe midogo.

Mila unaijua. Mkwe hamgusi mama mkwe wake, wala hawakai chumba kimoja. Basi dawa ikapitia mikononi mwangu, nikaipeleka nyumbani kwa Mama, Lumino, nikampa mdogo wetu Damalie, naye ndiye aliyekuwa akimpaka Mama kila siku kwa vidole vyake. Kidonda kikaanza kukauka! Nakuambia ukweli, kilikauka pembeni, na Mama akawa anasimama kukoroga uji wake mwenyewe. Habari zikaenea. Watu wakaanza kuja kwa Baba Ritah kuomba mafuta ya mama mkwe.

Halafu mate yakaanza. Damalie alinipigia kusema yanamtoka Mama usiku na mchana, mto unalowa, na anasema mdomo wake una ladha kama amenyonya misumari. Nikamwambia Baba Ritah. Badala ya kushtuka, aliruka kwenda kuchukua kitabu. Akaweka kidole kwenye mstari. "Soma hapa. Inasema mate ikianza kutoka, jua dawa imeshika. Sasa ndio anapona." Nikasoma, na kweli ndivyo ilivyoandikwa. Nikampigia Damalie nikamwambia aendelee.

Sikumwona Mama kwa muda, maana ulikuwa wakati wa kupanda maharage. Na Baba Ritah hakuweza kwenda kumwona. Angemwona kwa macho ya uuguzi wake, pengine tungeiacha dawa mapema. Alikuwa anamtibu mtu kwa kusimuliwa.

Siku moja Damalie akanipigia analia. "Dada, Mama amenitupia kikombe." Mama yetu, Egesa! Mama ambaye hata fahali wa jirani akiingia shambani humwomba atoke. Nikaacha jembe pale pale. Nilipofika Lumino nilimkuta amekaa mlangoni na kitambaa mdomoni, ufizi umevimba umekuwa mweusi mweusi, mikono inatetemeka mpaka hawezi kushika kijiko. Alikuwa ametoka kula samaki, na jino lilikuwa limebaki kwenye sahani. Halikuvunjika. Liling'oka zima. Nikamtazama Damalie, na mikono yake pia ilikuwa haitulii.

Tulimpeleka hospitali siku hiyo hiyo, tumembana katikati kwenye bodaboda mimi na dereva, Damalie nyuma yetu kwa nyingine. Alitupokea daktari mwanamke wa kabila la Wateso, anaitwa Imalingat. Alimfungua Mama mdomo, akamwambia anyooshe mikono, kisha akanigeukia.

"Nyumbani kwenu kuna mtu anachimba dhahabu?"

"Hapana, daktari."

"Basi mama huyu zebaki ameitoa wapi? Ugonjwa huu nauona kwa wachimbaji."

Nikatoa mkebe kwenye mkoba. Akaufungua, akaufunga haraka, akaniambia nikanawe mikono, na Damalie anawe, na nguo ya Mama iliyogusa mafuta ivuliwe. Akasema figo zake zimeguswa na hajui kama zitarudi.

Baba Ritah alikuja jioni, kitabu kwapani. Alisimama nje ya wodi kwa sababu ya mkwe wake, kwa hiyo daktari akamfuata kwenye baraza. Hakumfokea. Alikichukua kitabu, akafunua kurasa za mwanzo, zile ambazo mtu huzipita kwenda kwenye mambo yenyewe, akamwomba asome. Akasoma kwa sauti, na mimi nilikuwa nimesimama pale. Maneno yalisema haya ni majarida ya matabibu ya zaidi ya miaka mia moja iliyopita, yamechapwa upya kama yalivyokuwa, bila kubadilishwa neno, kwa faida ya wanaosoma historia.

Alisoma mara ya pili, kimoyomoyo. "Lakini hii mate," akasema, "inasema dawa imeshika."

"Wakati ule waliamini hivyo," daktari akamjibu. "Mate ni dalili ya sumu. Wagonjwa wao wengi waliumia hivyo hivyo, mzee."

Mume wangu alikaa chini sakafuni, mtu mzima na suruali yake ya pasi. "Naua mama ya watu," akasema. "Naua mama ya watu na mikono yangu." Kisha akainua uso, na hapo ndipo nilipomwona anaogopa kweli. Akasema, "Na wengine nilipatia."

Mama alilala hospitali mpaka nikasahau kitanda changu kilivyo. Siku nyingine alinitambua, siku nyingine aliniita jina la marehemu shangazi na kunitukana. Baadaye mate yakapungua, figo zikaanza kufanya kazi. Kidonda kimerudi kwa hospitali, wanakiosha na kukifunga ipasavyo. Meno yaliyokwenda yamekwenda. Mkono wa kulia bado unatetemeka, na daktari hakutuahidi kitu. Damalie yeye ametulia, ila hawezi kutunga uzi kwenye sindano na cherehani yake imefunikwa.

Ukoo uliposikia, Baba mdogo Nathan alikuja wodini na wanaume wa nyumbani. Wanataka polisi. Walisema Mjopadhola, yaani mume wangu, amemwua mama yao kwa uchawi wa vitabu, na mimi nilikaa katikati bila kujua niwe upande gani, wa tumbo lililonizaa au wa nyumba niliyoizalia. Mama alikuwa amefumba macho. Tukadhani amelala. Akasema kwa taabu, maana meno yalikuwa yanacheza, "Nimesikia kwamba aliwapa na wengine. Mwambieni mkwe wangu akawatafute hao kwanza. Akimaliza, ndipo aje kuniomba msamaha. Kabla ya hapo simtaki, na polisi siwataki." Baba mdogo alitaka kuendelea, Mama akamgeuzia mgongo.

Basi Baba Ritah alifunga duka akaanza kuzunguka. Wa hapa Rubongi walirudisha mikebe, wengine wakitukana, wengine wakimhurumia, na hilo la kuhurumiwa lilimchoma zaidi. Kijiji cha Kisoko tulikwenda pamoja, kwa mzee Odoi, ambaye alikuwa akijipaka kwenye unyayo. Alikataa kuturudishia mkebe. "Hii dawa imenisaidia. Mmeona inafanya kazi, sasa mnataka kuiuza ghali!" Baba Ritah akapiga magoti kwenye mavumbi ya ua wa mtu, akamwambia, "Mzee, angalia mdomo wako kwenye kioo. Mate inakutoka?" Mzee akajifuta kidevu kwa mkono, akautazama mkono wake. Aliingia ndani, akatuletea mkebe. Kesho yake wanawe walimpeleka hospitali.

Yupo mmoja ambaye hatujampata. Ni mwanamke aliyekuja dukani siku moja na mtoto mgongoni, mtoto ana vidonda kichwani. Alisema anatoka upande wa Kenya na huuza nguo za mitumba mpakani Busia siku za soko. Baba Ritah alimpa mkebe akamwonyesha jinsi ya kupaka. Jina hakuuliza. Egesa, ni mtoto mchanga. Kichwani.

Tumetangaza redioni, kanisani kwetu na makanisa ya ng'ambo ya mpaka. Daktari Imalingat ameandikia hospitali za pande zote mbili. Na kila siku ya soko Baba Ritah alikwenda mpakani, akasimama pale watu wa miguu wanapopita, akatazama nyuso za wanawake tangu asubuhi mpaka soko linavunjika. Watu wakaanza kusema yule muuguzi wa Rubongi amerukwa na akili.

Mimi, mdogo wangu, wakati huo nilikuwa nakaa naye kama mpangaji. Nilimpikia, nikamfulia, basi. Wiki mbili zilizopita nikapigiwa simu nikimbilie Busia. Alikuwa amemwona mwanamke mwenye mtoto, akamkimbilia, akamshika kanga, naye mwanamke, ambaye hakuwa yule, akapiga kelele za mwizi. Nilipofika watu wamemzunguka, shati limechanika, damu inamtoka sikioni, na yeye badala ya kujitetea anawauliza wale wale wanaompiga, "Nani anajua mama mwenye mtoto na vidonda kichwani?" Nilipasua katikati yao nikapiga yowe la kwetu, lile la msiba. Wakasimama. Nikawaambia, "Huyu ni mume wangu. Anatafuta mtoto ambaye dawa yake inaweza kumwua. Mnisaidie kutafuta, au mtupishe."

Walitupisha. Wachache walisaidia.

Tangu siku ile sokoni tunakwenda wawili. Yeye anasimama mbali kidogo kwa sababu ndiye anayekumbuka sura. Mimi ndiye ninayewafuata wanawake na kuwauliza, maana mwanamke hakimbii akiulizwa na mwanamke. Wananifunulia shuka, wananionyesha vichwa vya watoto wao. Nimeona vichwa vingi vizuri. Kila kimoja namshukuru Mungu, na kila kimoja kinanivunja moyo kwa sababu si chenyewe.

Sikulaumu, Egesa. Najua ulituma kwa mapenzi, na najua shemeji yako angesoma hata maandishi ya mfuko wa saruji. Lakini nina maombi mawili. Kama ulimpelekea mtu mwingine vitabu vile, mwandikie leo, usingoje Jumapili. Na uwaendee wenye kuvichapa, uwaambie mwaka halisi uandikwe juu ya jalada, kwa herufi ambazo mtu ataziona kabla ya kuona kitu kingine. Waambie huku kwetu kitabu kinaaminiwa.

Na kama unaweza kuja Desemba, njoo. Mama anakutaja. Mkono ukitetemeka sana huniambia nimshikie, kisha anasema wewe ulikuwa na mikono mizito kuliko yangu.

Damalie anakusalimu, Ritah anakusalimu, na Baba mdogo Nathan, ingawa amenuna, aliniambia nisisahau jina lake. Shemeji yako ameniomba nisikuandikie salamu zake bado. Nisalimie sana Babra na watoto. Mungu wa baba yetu awe juu ya paa lenu huko kwenye baridi, na awafunike watoto wa watu wote, hasa huyo mmoja.

Naishia hapa. Kesho ni siku ya soko na tunatoka mapema.

Ni mimi dada yako, ambaye upendo wake kwako haupungui kwa umbali,

Nangila